Filamu ya Ndani

Mtu akinitajia neno hifadhi siku hizi, damu hunipanda kichwani. Sisemi hasira ndogo ya kupitwa kwenye foleni ya Feri. Nasema hasira ya kuamka nayo, ya kunawa nayo uso, ya kupanda nayo tuk-tuk kutoka Ganjoni mpaka Mji wa Kale na kushuka nayo ikiwa haijapungua hata chembe. Rafiki zangu huniambia niachilie, yameshapita. Hayajapita. Anayesema yamepita namwambia akae chini nimweleze tangu mwanzo, kama nitakavyoeleza hapa.

Kazi yangu ni kamera. Nilianza na harusi, tena upande wa wanawake peke yake. Kwetu, siku bibi harusi anapopambwa na kuwekwa mbele ya watu, hakuna mwanamume anayekanyaga ukumbini, awe babake au awe mpiga picha. Mlangoni huketi mama mmoja mkali na kikapu, na kila simu huingia kikapuni. Ndani mabuibui huvuliwa, na watu wazima ambao njiani huwaoni ila macho hucheza mpaka marinda yakalowa jasho. Katikati yao niko mimi. Nikishahariri, namkabidhi mamake bibi harusi kila kitu, na kwangu nafuta mbele ya macho yake. Picha nzuri hata mwingine atakupa. Mimi huitwa kwa sababu nikisema nimefuta, nimefuta.

Shangazi yangu, dadake marehemu baba, ndiye kiongozi wa vugo mtaani kwetu. Vugo ni ngoma ya harusi ya wanawake. Husimama safu mbili zikitazamana, kila mmoja ameshika pembe ya nyati na kijiti, wanazigonga kwa mpigo mmoja, kiongozi anatoa ubeti na wenzake wanamwitikia. Beti zenyewe si za kubembeleza mtoto. Zinamsifu bibi harusi, kisha zinageuka kumsema jirani mwenye choyo, wifi mwenye domo, mume aliyesahau kurudi nyumbani. Shangazi hana sauti tamu. Ina mkwaruzo, na kwenye silabi ndefu huvunjika. Lakini akifungua kinywa, ukumbi mzima hunyamaza kusikiliza leo ni zamu ya nani kusemwa.

Kwa miaka mingi wanaume wa ukoo wetu waliona vugo ni upuuzi, na wengine wakaliita dhambi. Binamu yangu, mtoto wa kiume wa pekee wa huyo shangazi, ana duka la vitambaa vya kanzu karibu na soko. Nakumbuka akiwa kijana alikuwa akifunga madirisha ya juu mamake anapofanya mazoezi na wenzake, asije mteja akasikia. Alikuwa akisema, "Mama, watu watatucheka." Sasa yumo kwenye kamati ya utamaduni wa Mji wa Kale, anapiga picha na wageni, na amejifunza kusema "urithi wetu" bila kupepesa macho. Hakuna aliyemwuliza urithi huo ulikuwa wapi wakati anafunga madirisha.

Wageni wenyewe walikuja kutoka taasisi moja ya ng'ambo inayotengeneza filamu za ngoma na nyimbo za Waafrika, na za wale ambao babu zao walitolewa Afrika kwa minyororo. Aliyetumwa kwetu alikuwa mwanamke, mtayarishaji wa filamu, naye mwenyewe ni wa vizazi hivyo vya waliovushwa bahari. Kiswahili alikisoma ukubwani na alikizungumza kwa adabu. Siku ya kwanza aliposikia pembe zikigongwa alilia pale pale mbele ya watu, akasema bibi yake alikuwa akigonga vijiti namna hiyo jikoni na hakuna aliyejua alivitoa wapi. Nilimpenda. Naliandika hilo kwa sababu ni kweli, na kwa sababu ndilo linalonichoma zaidi.

Akaniajiri niongoze upigaji picha. Wazo lake la kwanza lilikuwa kuwapanga wanawake juu ya kuta za ngome, bahari nyuma yao, na kamera ya kuruka juu ya vichwa vyao. Nilimpeleka kwa shangazi alieleze mwenyewe, maana mimi sikuthubutu. Shangazi alimsikiliza mpaka mwisho, akamtilia kahawa, akamsogezea sahani ya halua.

"Na huko ngomeni kuna harusi ya nani?" akamwuliza.

"Hakuna harusi, Bi Mkubwa. Ni kwa ajili ya filamu."

"Bibi harusi ni nani?"

"Hakuna bibi harusi."

"Basi mutanisimamisha juani nimsifu nani? Niyasifu mawe?"

Wanawake waliokuwapo walicheka mpaka wakashika mbavu, na mtayarishaji akacheka nao, kwa haya. Ikabidi tungoje harusi ya kweli. Akapatikana msichana wa nyumba ya pili, aliyeposwa na kijana wa Lamu, na mamake akakubali filamu ipigwe kwa sharti moja ambalo shangazi ndiye aliyelitamka. Alilitamka mbele ya wanawake wote wa vugo, amekaa kitandani kwake, polepole, ili mgeni asikose neno.

"Kusikia, nasikie atakaye. Zamani twalipita ndiani usiku kucha na pembe zetu, tumejifinika, na kula mtu akatusikia. Hilo si siri. Lakini kututazama tukiwa ndani, vitwa wazi, hapana. Mato ya wanaume yasituone. Leo wala nikishakufa."

Akamtaka mtayarishaji ayarudie. Akayarudia, neno kwa neno, mkono kifuani: kuwasikia, kila mtu; kuwaona ndani, vichwa wazi, macho ya wanaume kamwe. Tukapatana tutengeneze filamu mbili. Ya nje itaonyeshwa kwa kila mtu, na humo hataonekana mwanamke yeyote akiwa amejifunua. Ya ndani itaonyesha kila kitu, na itatazamwa na wanawake tu, mlango umefungwa. Zote mbili zingewekwa katika hazina ya taasisi, maana ndiyo kanuni yao, lakini ya ndani ingefunguliwa kwa idhini ya wanawake wenyewe. Shangazi aliuliza nani anashika ufunguo huko. Akaambiwa ni mwanamke. Akaitikia kwa kichwa, akaridhika.

Siku ya harusi nilipiga picha kuliko nilivyowahi kupiga. Sikumwambia mtu rudia. Sikumwambia mtu sogea kwenye mwanga. Adhana ya alasiri iliposikika, pembe zilishushwa mapajani katikati ya ubeti, watu wakanyamaza, na ilipokwisha hawakuendelea pale walipoachia. Walianza upya kutoka mwanzo, maana ubeti hauunganishwi. Shangazi alikuwa amevaa gauni jekundu, kitambaa kimeanguka mabegani, jasho linamtiririka. Wakati mmoja alimsema mamake bibi harusi kwa ubeti ambao siwezi kuuandika, na alicheka mwenyewe kwa kinywa wazi, kichwa nyuma, mikono juu. Sijawahi kumwona akicheka hivyo mahali pengine popote. Mbele ya mwanawe huwa hachezeshi hata nyusi.

Filamu ya ndani ilijihariri yenyewe. Ya nje ndiyo iliyonitoa jasho, na hiyo ndiyo ninayojivunia. Niliijenga kwa mlango uliofungwa, kwa viatu vya wanawake vilivyojazana kizingitini, kwa mikono yenye hina inayogonga pembe, kwa vivuli kwenye pazia, kwa wazee wa kiume waliokaa barazani upande wa pili wa njia wakijifanya hawasikilizi huku midomo inafuata maneno. Mzee mmoja anaitikia ubeti mzima bila kujijua, kisha anakumbuka kamera na kukohoa. Mtu akiitazama anaelewa kwamba ndani kuna kitu kikubwa na kwamba yeye hakualikwa. Niliona hiyo ni kweli kuliko kumwonyesha kila kitu.

Onyesho likapangwa Mbaraki, katika ghala la zamani la bandarini lililogeuzwa ukumbi. Walialikwa wakubwa wa serikali, waalimu, wafanyabiashara, wageni wa ng'ambo, na wanawake wa vugo wenyewe wakiwa wageni wa heshima, viti vya mbele vimewekewa maua. Mimi nilitangulia mapema kuangalia sauti. Nilipoingia, fundi wa mitambo, mwanamume, alikuwa anarekebisha rangi. Na pale kwenye kitambaa cheupe cha kuonyeshea filamu, mkubwa kuliko lori, alikuwa shangazi yangu na gauni lake jekundu, mikono juu, kinywa wazi.

"Zima," nikamwambia.

"Nimepewa hii, dada. Nimeambiwa nyekundu ishuke kidogo."

"Nimesema zima!"

Akazima. Nikamtafuta mtayarishaji, nikamkuta anapanga kadi za majina kwenye viti. Aliponiona tu alijua.

"Nilikuwa nataka nikueleze kabla," alisema. "Nimezitazama zote mbili mara nyingi mno. Ile ya nje haina watu. Watazamaji wataona ukuta."

"Wataona ukuta kwa sababu kuna ukuta."

"Familia imeridhia."

"Familia gani?"

Akageuza macho upande wa mlangoni. Binamu yangu alikuwa amesimama pale na kanzu mpya na koti, anapokea salamu kama bwana harusi. Nilimwendea. Sikumsalimu, japo ndiyo adabu tuliyolelewa nayo.

"Ni wewe uliyetoa idhini?"

"Tuliza sauti. Ndiyo. Niliulizwa kama mkubwa wa nyumba, nikajibu."

"Mwenyewe yupo, ana masikio, ana ulimi. Ulimwuliza?"

"Mamangu ni mtu mzima sasa. Kwa umri wake hata sharia imemlegezea. Ana nini cha kufichwa?"

Hapo ndipo roho iliponipasuka. Mtu amemficha mamake miaka yote alipokuwa na sauti ya kuwatetemesha majirani, na leo, kwa kuwa kuna wageni na viti vya maua, amegundua kwamba hana cha kuficha! Na wale wasichana waliosimama nyuma yake kwenye safu, nikamwuliza, wao nao sharia imewalegezea? Waume zao uliwauliza? Alipangusa mkono wa koti kana kwamba nimemrushia vumbi.

Mtayarishaji alikuwa ametufuata. Alinishika bega. "Nisikilize," akasema, na macho yake yalikuwa yamejaa machozi, wala sidhani yalikuwa ya uongo. "Mkiificha itakufa. Sisi kwetu tulinyang'anywa kila kitu, lugha, majina, ngoma. Mimi siwezi kukaa nikitazama kingine kinapotea kwa sababu ya haya."

"Mlinyang'anywa," nikamwambia. "Na sasa wewe wamnyang'anya nani?"

Aliondoa mkono begani mwangu. Akasema kwa sauti ya kazini kwamba onyesho litaendelea kama lilivyopangwa. Basi nikaenda kwenye meza ya fundi, nikashika waya wa kwanza niliouona nikauvuta, na wa pili, na taa zote za ukumbi zikazimika, na feni pia. Nilikuwa nimevuta nyaya zisizo za mtambo wa filamu. Mlinzi alinitoa nje kwa kiwiko, mpaka getini, mbele ya wageni walioanza kushuka magarini.

Nikiwa pale getini wanawake wa vugo wakafika kwa tuk-tuk zilizofuatana, wananukia udi, mabuibui yao mazuri, wanacheka. Walikuja kuitazama filamu ya nje. Walikuja kuona mikono yao. Niliwaambia yote palepale kando ya barabara. Kicheko kilikatika. Mmoja wa wasichana alianza kulia na kusema turudi nyumbani, mume wangu yumo humo ndani, amealikwa.

Shangazi akaniuliza, "Ni mwanangu alosema ndiyo?"

"Ndiye, shangazi."

"Tukirudi nyumbani watatutazama vivyo hivyo, tena kwa nafasi. Ndooni."

Akageuka kuingia, akanishika mkono, na mlinzi hakuthubutu kunitoa kwenye mkono wa mgeni wa heshima. Tukaketi kwenye viti vya maua. Umeme ulikuwa umerudi. Zikasomwa hotuba. Binamu yangu alizungumza juu ya mama zetu, walinzi wa utamaduni, na watu wakampigia makofi, na mamake alikuwa akimtazama kana kwamba anajaribu kukumbuka alimwona wapi. Kisha taa zikapunguzwa na filamu ikaanza. Mlango uliofungwa, viatu, wazee wa barazani. Zilikuwa picha zangu, mwanzo wangu niliouhangaikia, wameutumia kuwa ngazi ya kupandia. Nikajua kinachofuata.

Kabla mlango haujafunguka shangazi alisimama. Alijisukuma kwa mikono ya kiti, akasogea mbele, viatu vyake vikikwaruza sakafu, akasimama mbele ya kitambaa, mgongo kwa picha na uso kwa watu. Mwenzake wa pembeni akasimama akamfuata. Wakasimama wote, wazee kwa wasichana, bega kwa bega, mstari mmoja mweusi kutoka ukuta hadi ukuta. Mlango wa filamu ukafunguka, na picha ikaanguka juu ya mabuibui yao. Hapa ulionekana mkono usio na mtu, pale kipande cha jekundu, pale jino. Juu ya vichwa vyao ilibaki dari ya ukumbi wa harusi na taa zake za rangi. Hakuna zaidi kilichoonekana. Sauti ya shangazi ikatoka kwenye spika inatoa ubeti, na yeye mwenyewe amesimama pale kinywa amekifunga.

Nilidhani wageni wataona haya. Nilidhani mtu atainuka aondoke, au angalau atainamisha kichwa. Walianza kupiga makofi. Wallahi, walipiga makofi! Walidhani ni sehemu ya onyesho. Waliona ni ubunifu mkubwa, wanawake wakongwe kuwa kitambaa cha filamu yao wenyewe. Wengine walisimama. Simu zikainuliwa. Mkubwa mmoja wa serikali alimwinamia jirani yake akatikisa kichwa kwa kupendezwa. Fundi wa mitambo, Mungu amlipe, ndiye pekee aliyeelewa, akazima mtambo bila kuamriwa, na gizani makofi yakazidi.

"Wanashangilia n'ni hawa?" shangazi akaniuliza nilipomfikia.

"Wadhani ni mchezo, shangazi."

Alivuta ncha ya buibui lake, akatoka nje bila kumngoja mtu.

Picha ya mstari ule ilienea mitandaoni kabla hatujafika Mji wa Kale. Taasisi yenyewe, katika taarifa yake, iliuita mstari huo "hatua ya kisanaa iliyobuniwa na jamii." Niliisoma taarifa hiyo nimesimama kwenye ngazi za nyumba yangu Ganjoni, na ilibidi niketi. Unaweza kumkataa mtu kwa mdomo, ukamkataa kwa mwili wako mzima, naye akaandika kwamba umemtumbuiza.

Niliwaandikia. Niliwaambia waifute ya ndani. Wakajibu kwamba kazi yao ni kutunza wala si kufuta, na kwamba filamu imewekwa kwa manufaa ya vizazi vijavyo. Nikauliza vizazi vya nani. Wakanihakikishia kwamba haitazamwi ovyo, ni watafiti waliosajiliwa tu. Nikauliza kama watafiti hao ni wanawake. Wakasema wao hawabagui. Mtayarishaji mwenyewe aliniandikia mara moja, barua ndefu ya majuto, akisema ameumia sana. Sikumjibu. Sina dawa ya maumivu yake, na filamu bado wanayo.

Binamu yangu naye alikwenda kwa mamake kujieleza. Nilikuwapo. Alisema alitaka kumtukuza. Shangazi alimwuliza neno moja tu: "Ulin'uliza?" Tangu siku hiyo akienda kumwamkia Ijumaa humpa mkono aubusu, lakini kahawa hamtilii. Anakaa pale kwenye kiti, mtu mzima mwenye duka na kamati, anatazama buli, kisha anaaga.

Siku moja nilimkuta shangazi anachambua mchele. Akaniuliza kama wale watu wamefuta. Nikamwambia la, wanasema wanatuhifadhia.

"Watuhifadhia sisi kwani tumekuwa maiti? Hebu waambie mimi ni hai."

Nikaliandika hilo kama alivyolisema, nikalituma. Jibu lilikuja upesi safari hii, la heshima nyingi. Walifurahi sana kusikia kwamba Bi Mkubwa yu hai na ana afya. Je, angekubali kurekodiwa tena, kwa kina zaidi, maadamu bado kuna wakati?

Nilimsomea kwa Kiswahili. Nilingoja atukane. Alichagua jiwe kwenye mchele, akalitupa dirishani.

"Kuna harusi hapa nyuma Jumapili," akasema. "Uje."

"Nitakuja na kamera ile ndogo, nitawapigia wenyewe tu, kisha..."

"Nimesema uje."

Nikaenda mikono mitupu. Nilisimama nyuma ukutani, mahali ninaposimama siku zote kwa kuwa hapo safu zote mbili huonekana, na sikujua niiweke wapi mikono yangu. Safu zilikuwa zimepungua. Yule msichana aliyelia getini Mbaraki hakuwapo. Mumewe aliketi kwenye giza lile na kusikia makofi yale, akarudi nyumbani akamwambia vugo basi. Pengo lake lilikuwa wazi katikati ya safu ya pili, pembe yake imewekwa chini, na wenzake hawakusogea kuliziba.

Shangazi akatoa ubeti. Ulikuwa ule ninaoujua kuliko jina langu. Nimeukata, nimeuunganisha, najua ni wapi anavuta pumzi na ni wapi sauti inavunjika. Safu zikaitikia, nyembamba, kushoto kuzito na kulia kutupu. Akautoa tena. Wakaitikia vilevile. Kisha akafanya jambo ambalo sijawahi kuliona katika harusi zote nilizosimama nyuma yake: alishusha pembe katikati ya ngoma, wala hapakuwa na adhana. Ukumbi ukanyamaza kusikia nani anasemwa leo.

"Wewe ulo huko nyuma," akaniambia. "Umekuja kutazama?"

Wanawake wote wakageuka. Nikavuka ukumbi mbele ya macho yao, nikainama, nikaokota pembe, nikasimama kwenye pengo la yule msichana. Akatoa ubeti kwa mara ya tatu, na hasira zote za Mbaraki na za barua zile zikanipanda kooni, nikaitikia. Ilikuwa sauti mbaya, iliyotoka kabla ya wenzangu, na nikakosea mpigo. Shangazi hakunitazama tena. Alikuwa ameshaanza ubeti wa pili.